UZI: Mahekalu ya udongo ya Spiti na Ladakh, na Ubudha uliosalia milimani

Nyotambali

Wakuu, salamu kwenu nyote.

Kila mada ya Ubudha ikifunguliwa jukwaani hugeukia siasa za Dalai Lama na China, au kung fu ya Shaolin, na huishia hapohapo. Leo naomba niwapeleke kwingine: mabonde ya Spiti, Ladakh na Zanskar upande wa India, pamoja na iliyokuwa Guge ng'ambo ya mpaka, magharibi mwa Tibet. Huko kuna mahekalu ya udongo yenye umri wa miaka elfu moja, mengine watu bado wanasali ndani yake kila asubuhi, na kutani mwake kuna michoro ya sanaa ambayo kwao ilikozaliwa imeshafutika.

Nilisoma kaskazini mwa India na likizo zangu nyingi ziliishia huko juu. Kwa hiyo mengine nimeyaona, mengine nimeyasoma. Msimamo wangu nautoa mapema ili anayetaka kupinga apinge: historia ya watu hawa haieleweki ukiwachukulia kama watu waliojificha milimani. Walikuwa njiani. Sufi, chumvi, dhahabu, chai, vitabu na mafundi vyote vilipita milangoni mwao.

Kwanza mazingira. Ukitoka Delhi kwenda kaskazini unapanda milima ya misitu na mvua nyingi, halafu ukishavuka safu kuu ya Himalaya mvua inakatika ghafla, kwa sababu mawingu ya monsuni yanabaki upande wa kusini. Unajikuta kwenye jangwa la mawe lililoinuliwa juu. Mji wa Leh, makao makuu ya Ladakh, uko mita 3,500 hivi kutoka usawa wa bahari na kwa mwaka mzima hupata mvua ya milimita 100 tu. Watu huishi pale maji ya theluji iliyoyeyuka yanapofika. Wanachimba mfereji kutoka juu, wanamwagilia shayiri na njegere, wanafuga mbuzi, kondoo na yaki. Unaona kipande cha kijani, kisha mawe matupu kwa masaa, kisha kipande kingine cha kijani.

Ubudha uliingia Tibet kwa mlango wa ikulu, enzi za dola kubwa la karne ya 7 hadi ya 9. Gompa la kwanza la Tibet (gompa ni nyumba ya watawa, pamoja na mahekalu yake) lilijengwa Samye, karibu mwaka 779, kwa amri ya mfalme Trisong Detsen. Mwaka 842 mfalme Langdarma aliuawa. Simulizi za watawa zinasema alikuwa akiwatesa Wabudha na kwamba aliyemchoma mshale alikuwa mtawa. Dola likameguka. Mmoja wa wazao wa ukoo wa kifalme, Nyimagon, akakimbilia magharibi kabisa, akajipatia utawala mpya, na baada yake wanawe watatu wakagawana: mmoja Ladakh, mwingine Guge, wa tatu Zanskar na Spiti.

Yaani watawala waliopoteza kila kitu katikati ya nchi ndio walioanzisha upya pembezoni. Nitaendelea.

---

Mgosi wa Mlalo

Nimekaa mkao wa kula, mkuu. Usitukimbie katikati kama wale wengine.

---

Nyotambali

Sikimbii, Mgosi. Tuendelee.

Mjukuu wa Nyimagon aliyetawala Guge alikuja kujulikana kwa jina la kitawa, Yeshe-Ö. Alizaliwa mwaka 947 na kufariki 1024. Huyu bwana alivaa kanzu za utawa akiwa bado mwenye mamlaka, akatazama Ubudha wa nchi yake na hakuridhika. Vitabu vilikuwa pungufu, tafsiri mbovu, na watu walikuwa wanafanya mambo ya ajabu kwa jina la dini. Akaamua kurudi kwenye chanzo. Chanzo kilichokuwa karibu kilikuwa Kashmir, ambayo wakati ule ilijaa wanazuoni wa Kibudha.

Mapokeo yanasema alichagua vijana 21, akawapa dhahabu, akawatuma wakasome. Watoto wa nyanda za juu walioshushwa kwenye joto na homa za mabondeni. Waliorudi hai ni wawili: Rinchen Zangpo na Lekpe Sherab. Kumi na tisa walizikwa ugenini.

Rinchen Zangpo ndiye ambaye kila kijiji cha huko kitakutajia. Alizaliwa 958, akaishi hadi 1055. Alitafsiri na kusahihisha vitabu vingi mno kutoka Kisanskriti, na Watibet wanamwita Mfasiri Mkuu. Wenyeji wanasema alijenga mahekalu 108. Nambari hiyo ni takatifu kwa Wabudha, kwa hiyo mimi siichukui kama hesabu ya fundi, ila mahekalu ya wakati wake yapo na yanashikika kwa mkono. Wasifu wake unasema pia alirudi na mafundi wa sanaa 32 kutoka Kashmir, na ukiingia mahekaluni unawaona kwa kazi yao: viuno vile vyembamba, macho yale marefu, taji zile, si vya Tibet.

Mwaka 996 lilianzishwa gompa la Tholing huko Guge, na mwaka huohuo gompa la Tabo katika bonde la Spiti. Miaka 46 baadaye, mwaka 1042, Jangchub Ö, mjukuu wa ndugu yake Yeshe-Ö, alilikarabati Tabo. Tunajua hivyo kwa sababu maandishi yake yamo ukutani hadi leo. Na mwaka huohuo wa 1042 alifika Guge mwalimu Atisha, mzee wa miaka sitini kutoka chuo cha Vikramashila, Bihar. Alibaki Tibet hadi kufa kwake mwaka 1054. Kuna kisa kinachosimuliwa sana, kwamba Yeshe-Ö alitekwa na maadui waliotaka dhahabu ya uzito wa mwili wake, naye akawaambia watu wake wasimkomboe, dhahabu hiyo wamletee Atisha. Wanahistoria wengi hawakipokei kama tukio la kweli. Ila kinaonyesha Watibet wenyewe walivyokuja kuukumbuka mwamko ule: kama kitu kilicholipiwa kwa maisha ya watu. Na kwa wale vijana kumi na tisa, ndivyo mapokeo yanavyosema ilivyokuwa.

Angalieni sasa kilichofuata kule chanzoni. Kuelekea mwaka 1200 vyuo vya Nalanda na Vikramashila viliangamizwa katika uvamizi wa majeshi ya jemadari Bakhtiyar Khalji. Kashmir nayo, katika karne zilizofuata, ikaacha Ubudha. Zile nakala zilizopandishwa mlimani ndizo zilizobaki.

---

Fundi Saruji

Mkuu, mimi ni fundi ujenzi. Udongo hauwezi kukaa miaka elfu. Huku kwetu nyumba ya udongo ukiiacha masika mawili bila kuigusa inakuinamia. Hapo tueleze vizuri.

---

Nyotambali

Swali zuri, Fundi, na nilikuwa naelekea hukohuko.

Tabo ukilitazama kwa nje hutalipiga picha mara mbili. Ni uwanja uliozungushiwa ukuta, na ndani kuna mahekalu tisa ya rangi ya udongo uleule unaoukanyaga, yamejikunyata, hayana madirisha. Kuta ni za matofali mabichi yaliyokaushwa kwa jua, nene sana chini. Paa ni bapa: miti ya mpopla imelazwa, juu yake fito za mti mwingine wa kando ya maji, kisha udongo tabaka juu ya tabaka, ukishindiliwa. Hakuna saruji popote, hakuna msumari wa maana.

Sababu ya kwanza ya kudumu ni ile niliyoitaja: hakuna masika. Sababu ya pili ni watu. Theluji ikianguka, vijana hupanda na kuisukuma chini kabla haijayeyuka ikaingia ndani. Kila mwaka paa linaongezewa udongo pale lilipopasuka, kuta zinapakwa upya. Wewe Fundi unajua kwamba nyumba ya udongo haijengwi mara moja. Ile imejengwa mara elfu moja.

Na haikupona bila majeraha. Tarehe 19 Januari 1975 tetemeko kubwa lilipiga Kinnaur na Spiti, Tabo likapasuka. Baadaye likajengwa hekalu jipya kubwa pembeni, na mwaka 1983 Dalai Lama alikuja hapo kuendesha ibada ya Kalachakra. Alirudi tena 1996, gompa lilipotimiza miaka elfu.

Ndani sasa. Unavua viatu, mtawa anafungua kufuli, unapita ukumbi mdogo, halafu unaingia ukumbi mkuu na hapo huoni kitu. Kupiga picha ni marufuku. Mwanga pekee unatoka kwenye kitundu cha paani. Macho yakishazoea giza, unagundua kwamba unatazamwa: juu kidogo ya kichwa chako, kuzunguka kuta zote, wamekaa watu zaidi ya thelathini. Ni sanamu za udongo, kila moja imetokeza ukutani ikiwa na duara la miali nyuma yake, na chini yake hakuna rafu wala nguzo. Zimeshikiliwa na mbao zilizopigiliwa ndani ya ukuta, zimekaa hewani hivyo kwa karne kumi. Mwenye ukumbi wao ni Vairochana, mmoja wa mabudha wakuu wa mapokeo haya, ambaye sanamu yake ina miili minne iliyopeana migongo na kutazama pande nne. Kwa pamoja wanaunda mandala, yaani mpangilio mtakatifu wa ulimwengu wa Budha, ila hii hukai nje yake na kuitazama kama picha iliyotandikwa. Unasimama katikati yake.

Chini ya sanamu hizo ndipo ilipo michoro. Ukuta wa kaskazini una maisha ya Budha. Ukuta wa kusini una hadithi ya Sudhana, kijana anayesafiri kutoka mwalimu mmoja hadi mwingine kutafuta hekima, na walimu wake si watawa peke yao. Hadithi hiyo ina mfalme, ina wanawake wenye elimu, ina muuza manukato, ina hata nahodha wa baharini. Mimi mtu wa pwani nilisimama pale zaidi ya kilomita elfu moja kutoka kwenye maji ya chumvi, nikiifuata hadithi yenye nahodha aliyefundisha watu kuvuka. Waliochora ukuta ule walikuwa wanaijua dunia pana.

---

BintiMakunduchi

Kaka Nyotambali, ahsante, nimesoma yote. Nina swali kwa nia njema kabisa. Umetaja kwamba Kashmir iliacha Ubudha, na ulikwepa kusema ikawa nini. Waislamu na Wabudha wa huko waliishi vipi? Maana mitandaoni kila mtu anasema lake.

---

Nyotambali

Dada, hakuna cha kukwepa. Nilikuwa nangoja aulize mtu.

Tuanze na jambo ambalo wengi hawalijui: mtawala wa kwanza Mwislamu wa Kashmir alikuwa mtoto wa kifalme kutoka Ladakh. Anaitwa Rinchana. Alishuka Kashmir wakati wa machafuko, akashika utawala mwaka 1320, akasilimu mikononi mwa sheikh wa Kisufi anayejulikana kama Bulbul Shah, akachukua jina la Sadruddin. Alitawala miaka mitatu tu, akafa 1323.

Halafu njoo Ladakh yenyewe. Mfalme wao mashuhuri kuliko wote ni Sengge Namgyal, yule aliyejenga kasri la ghorofa tisa linaloinamia mji wa Leh, na aliyeiteka Guge mwaka 1630. Mlezi mkubwa wa gompa la Hemis. Mama yake alikuwa Mwislamu, Gyal Khatun, binti wa mtawala wa Baltistan, nchi jirani ya Waislamu. Baba yake Sengge alishindwa vita na kutekwa na Wabalti, na ndoa ile ikawa sehemu ya sulhu. Kwa hiyo mfalme Mbudha kupita wote alilelewa na mama Mwislamu, na hakuna aliyeona ajabu.

Chini ya kasri hilo upo msikiti wa Ijumaa wa Leh, ulioanzishwa miaka ya 1660, wakati Ladakh ilipolazimika kukubali ubwana wa Mughal, dola la Waislamu la Delhi. Tibet na Ladakh zilipigana kuanzia 1679 hadi 1684, na vita ikaisha kwa mkataba wa Tingmosgang. Ladakh ikaipoteza Guge. Sufi ya pashmina, ile laini inayofumwa mashali ya Kashmir, ikawekewa utaratibu wa nani anunue na nani auze. Na ikakubaliwa kwamba Ladakh ipeleke Lhasa, mji mkuu wa Tibet, msafara wa zawadi kila baada ya miaka mitatu, na Lhasa ilete Leh msafara wa chai kila mwaka.

Msafara ule wa Ladakh uliitwa Lopchak. Ulikuwa unabeba zawadi za kumpelekea Dalai Lama. Na waliouendesha, waliojua njia, waliokuwa na wanyama wa mizigo na kuaminika kwa mali, ni familia za wafanyabiashara Waislamu wa Leh! Hilo liliendelea hadi miaka ya 1940. Lhasa yenyewe ilikuwa na jamii ya Waislamu wenye asili ya Kashmir na Ladakh, na misikiti yao.

Lakini nisipake asali. Mwaka 1989 zilizuka fujo Leh, na chama cha Wabudha kikatangaza kuwatenga Waislamu: usinunue kwao, usile nao, usiwaoe. Ilidumu hadi 1992. Familia zilizokuwa zimechanganya damu kwa vizazi ziligawanywa mezani. Wazee wa Leh wakikusimulia habari hizo wanainamisha macho. Leo jamii hizo mbili zinakaribiana kwa idadi Ladakh nzima, Wabudha wakiwa wengi upande wa Leh na Waislamu wa Kishia upande wa Kargil, na mengi wanayadai pamoja serikalini.

---

BintiMakunduchi

Allah akulipe kheri. Hilo la msafara sikuwahi kulisikia.

---

Kijana wa Upanga

Mkuu, hapa Dar Upanga tuna hekalu la Wabudha, lipo tangu enzi za mkoloni. Nao ni hawahawa?

---

Nyotambali

Dini ni moja, tawi ni jingine. Lile la Upanga lilianzishwa na Wasinhala kutoka Ceylon, Sri Lanka ya leo. Wao ni Theravada, wanafuata maandiko ya Kipali, na hekaluni utakuta Budha mwenyewe na mti wake. Wa Himalaya wanafuata njia ya Vajrayana, yenye mabodhisatwa wengi (watakatifu walioapa kuwasaidia viumbe wote), mandala na ibada nzito za siri ambazo mtu hupokea kutoka kwa mwalimu. Ukimtoa mzee wa Upanga ukamweka Tabo, Budha atamtambua mara moja, ila zile sura nyingine ataomba aelezwe.

Sasa Alchi, maana kama Tabo ni mwanzo, Alchi ndiyo kilele.

Alchi ni kijiji kando ya mto Indus, mwendo wa saa moja na nusu hivi kwa gari kutoka Leh. Magompa mengi ya Ladakh yamekaa juu ya vilele, Thiksey, Lamayuru, Likir. Hili liko bondeni, katikati ya mashamba na miti ya aprikoti, na unaweza kulipita bila kujua. Hekalu lake la ghorofa tatu linaitwa Sumtsek. Kwenye ghorofa ya juu wamechorwa walimu wa Drikung, moja ya matawi ya Ubudha wa Tibet, mmoja baada ya mwingine, na wa mwisho ni Jigten Gonpo, aliyefariki 1217. Kwa hiyo wataalamu wengi wanaliweka hekalu hilo mwanzoni mwa karne ya 13.

Ndani kuna sanamu tatu za kusimama, kila moja kwenye tundu lake ukutani, ndefu kiasi kwamba kichwa kinapenya hadi ghorofa ya pili: ukiwa chini unaona miguu na mavazi, uso huuoni hadi uinue shingo kabisa. Wa kushoto ni Avalokiteshvara, bodhisatwa wa huruma. Mtazameni kiunoni kwenda chini. Amefungwa shuka, na shuka hilo limechorwa lote. Si maua. Ni majumba ya kifalme, mahekalu yenye mapaa ya pembe, watu wanaosali, mtu juu ya farasi, wanawake madirishani. Kila jengo halizidi kiganja, na ndani ya jengo mna watu, na watu wana nguo zenye nakshi zao. Ni Kashmir ya kabla haijabadilika, imechorwa na mikono iliyoijua. Maitreya wa katikati amebeba maisha ya Budha kwenye shuka lake, na Manjushri wa kulia amebeba waganga na watawa wa ajabu, wale masidha, wamekaa kila mmoja na vituko vyake.

Kule Kashmir majengo yale yamebaki magofu ya mawe, na michoro ya ukutani ya enzi zile haipo. Anayetaka kuona mji wa Kashmir wa karne zile ulivyovaa na kujengwa, lazima apande hadi kijiji cha wakulima wa shayiri na atazame nguo ya sanamu. Mimi kila nikilifikiria hilo nashindwa kukaa kimya, ndiyo maana mnauona uzi huu.

Alchi lilipona kwa sababu nyingine pia: lilikuja kuachwa na ibada kubwa likabaki mikononi mwa wanakijiji na watawa wachache wa Likir, kwa hiyo moshi wa taa za siagi haukulifukiza kama mengine. Guge haikupata bahati hiyo. Tholing na mahekalu ya Tsaparang, mji mkuu wa zamani wa Guge, yalibomolewa vibaya wakati wa Mapinduzi ya Utamaduni ya China, 1966 hadi 1976. Mpaka uliochorwa na siasa ndio uliomwacha mtoto mmoja wa mwaka 996, Tabo, hai na kumjeruhi mwenzake, Tholing.

---

Mwalimu Nyerembe

Uzi safi. Ila mimi napinga kidogo. Vitu vya thamani hivyo kuachwa kwenye udongo na matetemeko ni hatari. Vingehamishiwa makumbusho Delhi, vikawekwa kwenye vioo, dunia ikaviona.

---

Nyotambali

Mwalimu, shikamoo. Nimeheshimu hoja, lakini siikubali hata kidogo.

Sanamu za Tabo zimefanywa pamoja na ukuta wenyewe. Ukiing'oa moja, umevunja mandala na umebaki na bonge la udongo lenye sura. Na zaidi: wenyewe wapo. Asubuhi unasikia watawa wakisoma. Bibi wa kijiji anazunguka nje ya ukuta mara nyingi, rozari mkononi, kisha anakwenda zake kufungulia mfereji shambani. Wao ndio waliosukuma theluji paani miaka yote, wakati Delhi haikujua kama Tabo lipo. Mtafiti Mtaliano Giuseppe Tucci alipofika mwaka 1933 alikuta nyumba ya watawa inayoishi, si gofu. Fedha za makumbusho zipelekwe kwenye paa na kuwasomesha vijana wa Spiti kazi ya uhifadhi.

Hatari ninayoiogopa mimi ni mvua. Usiku wa kuamkia tarehe 6 Agosti 2010 lilipasuka wingu juu ya Leh, tope likashuka, watu zaidi ya 200 wakafa. Paa la udongo halikusukwa kwa mvua ya namna hiyo. Ukutani Alchi na Tabo kuna michirizi ya tope iliyoshuka juu ya nyuso za watu. Na upande wa pili barafu inayolisha mifereji inapungua, shayiri inakosa maji mwezi wa Aprili na Mei, wakati wa kupanda. Mhandisi wa huko, Sonam Wangchuk, alianza mwaka 2013 kutengeneza milima ya barafu: wakati wa baridi maji yanashushwa kwa bomba kutoka juu, yanaruka yenyewe bila pampu, yanaganda hewani na kujijenga mnara wenye umbo la stupa, ule mnara mtakatifu wa Wabudha. Mnara huo unayeyuka polepole majira ya kupanda. Kijiji cha Phyang nacho kilijengewa, na watawa waliunga mkono.

---

Mgosi wa Mlalo

Mkuu, kuna kitu niliwahi kukiona, maiti ya mtawa amekaa, ana meno na nywele. Ni huko?

---

Nyotambali

Ni huko, kijiji cha Ghuen, si mbali na Tabo. Lile tetemeko la 1975 ndilo lililofunua kaburi, na mwaka 2004 askari wa mpakani wakautoa mwili wote. Amekaa, kidevu karibu na goti, na ana mkanda uliopita shingoni na pajani, ule ambao watafakari huutumia kushikilia mkao. Vipimo vinamweka karne ya 15 hivi. Hakupakwa dawa yoyote, ni baridi na ukavu. Wanakijiji wanamwita Sangha Tenzin na wanasema alijitoa uhai ili kijiji kiepushwe na nge. Yuko kwenye chumba chenye kioo, watu wanamwekea shali nyeupe. Mkienda, ingieni kwa adabu, ni mzee wao yule.

---

Mama Njegere

Mwanangu, umetaja wafalme, mafundi na watawa wanaume. Wanawake walikuwa wapi? Na hao watoto wanaopelekwa utawani, mama zao wanasemaje?

---

Nyotambali

Shikamoo mama. Swali lako ndilo zito kuliko yote humu.

Ardhi ya kumwagilia ni ndogo, na ikigawanywa kila kizazi inakwisha. Kwa hiyo zamani familia nyingi zilioza mke mmoja kwa ndugu wawili au watatu ili shamba libaki moja, na mtoto mmoja wa kiume akaenda gompani. Sheria iliipiga marufuku ndoa hiyo Ladakh mwaka 1941, ingawa vijijini ilichelewa kufa. Gompa nalo lilikuwa na mashamba, likikodisha na kukopesha shayiri, na mara nyingine riba yake iliwaumiza watu. Mtoto aliyepelekwa alipata kusoma, kula na heshima. Mama niliowasikia wanasema yote mawili kwa pamoja: fahari, na nyumba kuwa kimya.

Wasichana waliobaki bila ndoa waliweza kuwa watawa, lakini wengi hawakupata gompa lenye mashamba wala walimu. Waliishi kwa ndugu zao, wakivuna, wakipika, wakilea watoto wa wengine wakiwa wamevaa kanzu nyekundu. Mwaka 1996 daktari na mtawa Tsering Palmo alianzisha chama cha watawa wanawake wa Ladakh, wakaanza kupata shule, falsafa na tiba ya asili. Mabadiliko hayo ni ya miaka ya juzi tu, mama.

---

Kijana wa Upanga

Ahsante mkuu. Mtu akitaka kufika Tabo anapita wapi?

---

Nyotambali

Pita Shimla na Kinnaur, usipite Manali kwa mara ya kwanza. Njia ya Manali inavuka kivuko cha mlima cha Kunzum, zaidi ya mita 4,500, inafunguka kuanzia Juni hadi Oktoba hivi, na inakupandisha haraka mno. Kichwa kitakuuma, utatapika, wengine wanarudishwa. Njia ya Kinnaur inapanda taratibu na mwili unazoea. Sisi wageni tunahitaji kibali cha ukanda wa mpakani, omba ukiwa Reckong Peo, mji wa Kinnaur, uwe na pasipoti na nakala zake. Kunywa maji mengi, siku ya kwanza usikimbie ngazi. Beba tochi yenye mwanga hafifu kwa ajili ya ukumbini, na umwombe mtawa ruhusa kabla hujaiwasha. Ukifika Septemba utakuta wanavuna shayiri, na mtu akikuita kwake kunywa chai ya siagi na chumvi, ingia.